Gemu zikae diski ipi: kuhamisha bila kupakua upya

Kompyuta nyingi zinazouzwa zikiwa zimetumika, hasa zile za ofisini, huja na SSD (diski ya kasi isiyo na sehemu inayozunguka) ndogo ya GB 128 au 256 na nafasi ya kuongeza diski nyingine pembeni. Mwenye gemu moja au mbili haoni tatizo. Tatizo huanza siku mstari wa diski C unapogeuka mwekundu na Steam, duka na programu ya gemu, ikagoma kusasisha. Wengi hapo hufuta gemu kubwa kuliko zote, halafu mwezi ujao wanaitamani na kuipakua tena mwanzo mwisho.

Piga hesabu. Counter-Strike 2 inahitaji GB 85. Kwa intaneti ya Mbps 10 isiyoyumba hata dakika moja, hizo ni saa 19 hivi za kupakua, na kwa bando la simu ni pesa ambayo ni afadhali usiijumlishe. GB 85 hizo hizo ukizitoa diski moja kwenda nyingine ndani ya kompyuta ile ile, ni kazi ya robo saa, ikizidi sana nusu saa. Kwa hiyo usifute gemu kabla hujaangalia kama inaweza kuhamishwa, na ukiihamisha, tumia programu ile ile iliyoisakinisha. Kukata folda na kubandika kwingine kwa mkono ndiko kunakowafanya watu waone kitufe cha Install pale palipokuwa na Play.

Anza kwa kujua diski zako

Bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, ingia Performance, kisha tazama upande wa kushoto. Kila diski halisi ina mstari wake, na chini ya jina imeandikwa SSD au HDD (diski ya sahani). Soma herufi zilizo kwenye mabano. Ukikuta Disk 0 (C:) na Disk 1 (D:), una diski mbili kweli. Ukikuta Disk 0 (C: D:), una diski moja tu ambayo fundi aliigawa vipande viwili. Kuhamishia gemu D kutaipa C nafuu ya nafasi, lakini kasi haitabadilika hata chembe, na diski ikifa vipande vyote viwili vinakufa pamoja.

Usishangae SSD ya GB 256 kuonekana kama 238, au diski ya TB 1 kusoma 931. Mtengenezaji anahesabu kwa elfu, Windows inahesabu kwa 1024. Hujaibiwa. Ila ukiuziwa flashi ya "TB 2" kwa bei ya chakula cha mchana, hapo umeibiwa: ndani yake kuna GB chache na programu inayodanganya ukubwa. Kila diski ya nje ya bei ya kutia shaka ipime kwanza kwa H2testw, programu ya bure inayoijaza diski yote kisha kusoma kama kilichoandikwa kimo. Inachukua muda mrefu, na muda huo una thamani yake.

Jambo la mwisho la kukagua ni mfumo wa faili. Fungua This PC, bofya diski kwa kitufe cha kulia, chagua Properties, usome palipoandikwa File system. Kwa gemu za Windows unataka NTFS. FAT32 haipokei faili moja inayozidi GB 4, na gemu za sasa zina faili kubwa kuliko hapo. exFAT inapokea, lakini baadhi ya mambo tutakayoyaona huko chini hayafanyi kazi juu yake, na gemu za Microsoft Store hazikubali kabisa kukaa humo. Kubadili maana yake ni kufomati, na kufomati kunafuta kila kitu, kwa hiyo fanya hivyo diski ikiwa bado tupu.

Ipi ikae kwenye SSD

HDD ya kawaida, ile yenye sahani zinazozunguka, husoma MB 100 hadi 200 kwa sekunde, na hapo ni faili kubwa zilizopangana vizuri. Faili ndogo ndogo zilizotawanyika huishusha sana. SSD ya SATA, aina ya kawaida, hufika kama MB 550, na NVMe, aina ya kasi zaidi, huanzia maelfu. Lakini tofauti hiyo haiongezi fremu kwenye skrini. Inapunguza muda wa kusubiri ramani ifunguke, na inazuia ile hali ya nyumba na barabara kuchelewa kutokea ukiwa unaendesha gari kwa kasi.

Hivyo gawa kwa kuangalia gemu yenyewe. Baldur's Gate 3 inataka GB 150 na watengenezaji wenyewe wameandika kuwa SSD ni lazima. Starfield vilevile, GB 125. Cyberpunk 2077 ilianza ikikubali HDD, lakini mahitaji yake yalibadilishwa mwaka 2023 na sasa ni SSD. Hizi usizipeleke kwenye HDD labda uwe umezimaliza na unazihifadhi tu. GTA V ya awali (Legacy, siyo Enhanced inayotaka SSD) ilitengenezwa enzi ambazo HDD ndiyo ilikuwa kawaida, inacheza humo bila ugomvi, ila unapoifungua unaweza kwenda kuchemsha chai. Stardew Valley inahitaji kama MB 500. Iache popote ilipo, kuihamisha hakukuokoi kitu.

Gemu za mtandaoni ziko katikati. Dota 2 kwenye HDD inacheza, lakini wewe ndiye utakayekuwa wa mwisho kuingia huku wengine tisa wanakusubiri.

Na SSD usiijaze mpaka pomoni. Acha angalau asilimia 10 hadi 15 wazi. Ikijaa inapungua kasi ya kuandika, halafu kuna suala la masasisho: sasisho dogo la GB 2 linaweza kudai nafasi mara nyingi zaidi ya hapo, kwa sababu Steam inaunda upya faili kubwa pembeni kabla ya kuibadilisha na ya zamani. Ndiyo maana unaambiwa nafasi haitoshi wakati wewe unaiona inatosha.

Steam, hatua kwa hatua

Steam yenyewe iache C. Haina uzito. Kinachohamishwa ni gemu, na kwa hilo unaiongezea maktaba ya pili.

1. Fungua Steam, bofya neno Steam juu kushoto, kisha Settings, kisha Storage.
2. Juu utaona jina la diski inayotumika sasa na GB zilizobaki. Libofye, uchague Add Drive, kisha diski D. Steam itaunda folda iitwayo SteamLibrary humo.
3. Ukitaka gemu zote zijazo ziingie D bila kuulizwa, bofya vile vidoti vitatu na uchague Make Default.
4. Rudi kwenye diski C hapo hapo Storage. Orodha ya gemu imepangwa na ukubwa wa kila moja. Weka alama kwenye unazotaka, bofya Move, chagua D, thibitisha.
5. Ikimaliza, bofya gemu kwa kitufe cha kulia kwenye maktaba, ingia Properties, kisha Installed Files, ubofye Verify integrity of game files. Kama kuna faili iliyoharibika njiani, itapakuliwa hiyo tu.

Gemu iwe imefungwa wakati wa kuihamisha, na usianze kama Luku inasoma uniti mbili. Umeme ukikatika katikati, washa kompyuta, fungua Steam na ukimbize hatua ya 5 kabla ya kufanya jambo lingine lolote.

Kilichomo ndani ya SteamLibrary

Ingia D:\SteamLibrary\steamapps na uangalie. Ukikijua kilichomo humu, nusu ya matatizo utayatatua mwenyewe.

Kuna folda inaitwa common, na ndani yake kila gemu ina folda yake. Nje ya common kuna vijifaili vyenye majina kama appmanifest_413150.acf. Hiyo namba ni kitambulisho cha gemu: 413150 ni Stardew Valley, 1091500 ni Cyberpunk 2077, 570 ni Dota 2, 730 ni Counter-Strike 2. Fungua kimoja kwa Notepad. Utaona jina la gemu, mstari wa StateFlags wenye 4 ikiwa gemu imekamilika, na mstari wa installdir unaotaja folda iliyomo ndani ya common. Steam haitembei kwenye diski ikitafuta gemu. Inasoma vijifaili hivi. Gemu ikiwepo na kijifaili hakipo, kwa Steam hiyo gemu haipo.

Ndiyo sababu pia hupaswi kubadilisha majina ya folda. Dota 2 ilitoka rasmi mwaka 2013 lakini folda yake mpaka leo inaitwa dota 2 beta. Counter-Strike 2 inakaa ndani ya Counter-Strike Global Offensive. Mtu mpenda usafi akizibadilisha ziendane na majina ya sasa, anajitafutia upakuaji mpya.

Folda nyingine ni downloading, ambamo vipande vya upakuaji unaoendelea vinakaa, na workshop, yenye mods (nyongeza za gemu zilizotengenezwa na wachezaji) ulizojiunga nazo. Ukihamisha kwa Move, yote hayo huenda pamoja na gemu. Ukihamisha kwa mkono, mods ndizo zinazosahaulika kwanza.

Fundi anapopiga Windows upya

Hapa ndipo diski ya pili inapolipa gharama yake yote. Fundi akifomati C, kila gemu iliyokuwa C imekwenda. Zilizo D hazijaguswa, lakini Steam mpya haizijui, na watu wengi wakiona maktaba yote ina Install wanadhani zimefutika. Wanaanza kupakua upya juu ya GB 300 zilizopo tayari kwenye diski.

Usibonyeze Install. Sakinisha Steam, ingia kwenye akaunti, nenda Settings, Storage, Add Drive, uchague D. Ikishaona folda ya SteamLibrary inasoma vile vijifaili vya acf, na gemu zinarudi zenyewe ndani ya muda mfupi. Nyingine zitasakinisha vitu vidogo mara ya kwanza, kama DirectX na Visual C++, kwa sababu hivyo vilikuwa C.

Kitu ambacho Steam haiwezi kukurudishia ni ulipofikia kwenye gemu, kama gemu hiyo haitumii Steam Cloud, hifadhi ya Steam ya mtandaoni. Kumbukumbu hizo kwa kawaida hazikai ndani ya folda ya gemu. Stardew Valley huziweka kwenye AppData, chini ya Roaming, folda ya StardewValley, kisha Saves. Cyberpunk 2077 huziweka kwenye Saved Games ya mtumiaji. Nyingine zipo Documents, nyingine kwenye folda ya userdata ndani ya Steam yenyewe. Zote hizo ni C. Hivyo kabla kompyuta haijaenda kwa fundi, nakili Documents, Saved Games, AppData na ile userdata uziweke D. AppData imefichwa, kwa hiyo andika %appdata% kwenye upau wa anwani na itafunguka, kisha panda ngazi moja juu kuona Local na LocalLow.

Na mwambie fundi kwa maneno, usidhani anajua: "C tu ndiyo ya kufomati, D usiguse." Afadhali zaidi uichomoe waya hiyo diski kabla hujampelekea.

Kuchukua gemu kwa jirani

Tangu 2023 Steam inaweza kunakili gemu kutoka kompyuta nyingine iliyo kwenye mtandao mmoja na wewe, bila kuipakua tena kutoka intaneti. Nyumba au hosteli yenye ruta moja na wachezaji watatu inafaidika sana hapa. Yule mwenye gemu aingie Settings, Downloads, atafute sehemu ya Game File Transfer over Local Network, aruhusu marafiki au mtu yeyote. Wewe unabofya Install kama kawaida, na Steam ikiiona gemu ile kwenye kompyuta ya pili inaichota huko. Lazima akaunti yako iwe na haki ya gemu hiyo, na nakala ya mwenzako iwe imesasishwa. Kwa waya wa gigabiti inaenda kwa kasi inayokaribia ya HDD. Kwa Wi-Fi ya ruta ya bei nafuu inakwenda polepole, lakini bando la kupakua gemu nzima linabaki palepale.

Ikiwa hamko mtandao mmoja, tumia diski ya nje: nakili folda ya gemu kutoka common pamoja na acf yake, viweke mahali pale pale kwenye SteamLibrary yako Steam ikiwa imefungwa, kisha ifungue na ufanye Verify. Diski ya nje ya USB 3 ni bora. USB 2 inabeba MB 30 hadi 40 kwa sekunde tu, kwa hiyo ile Counter-Strike ya GB 85 itakula dakika 35 hadi 47 hivi.

Maduka mengine

Epic ni msumbufu kidogo, lakini kuna njia ambayo haijaniangusha. Nakili folda nzima ya gemu uiweke pembeni kwa jina la muda. Ondoa gemu kwenye Epic. Anza kuisakinisha upya, safari hii ukichagua D. Ikifika asilimia chache, simamisha na ufunge Epic kabisa, hadi kwenye ile alama ya karibu na saa. Sasa chukua ile nakala, uibandike juu ya folda mpya na ukubali kubadilisha faili zote. Fungua Epic, endelea na usakinishaji. Itakagua faili, itaona zipo, na itapakua zile chache tu zinazokosekana. Hakikisha nakala imekamilika kabla ya kuondoa ya zamani. Haraka hapa inakugharimu gemu nzima.

GOG ndiyo rahisi kuliko zote, kwa kuwa gemu zake hazina kufuli. Hamisha folda, kisha kwenye Galaxy, programu ya GOG, bofya alama iliyo karibu na Play, Manage installation, Import folder, uielekeze ilipo. Kama huitaki Galaxy, pakua visakinishi vyenyewe uvihifadhi kwenye HDD, na hutategemea duka lolote tena.

Gemu za Xbox na Game Pass: bofya gemu kwa kitufe cha kulia kwenye programu ya Xbox, Manage, kisha Files, kisha Change drive. Folda ya WindowsApps usiichokonoe kwa mkono. Ina ulinzi wake, na ukiulazimisha utahangaika hata kuifuta.

Pale ambapo hakuna kitufe cha kuhamisha

Gemu za zamani zilizosakinishwa kwa CD, au visakinishi visivyo na duka, zimeandika njia yao ndani ya Windows na haziko tayari kubadilishwa. Kwa hizo kuna hila: unahamisha folda D, kisha unaacha mlango C unaoelekea huko. Fungua Command Prompt kama msimamizi, siyo PowerShell kwa kuwa amri hii haiko humo, uandike:

mklink /J "C:\Games\JinaLaGemu" "D:\Games\JinaLaGemu"

Njia ya kwanza ni pale gemu inapodhani ipo, na folda hiyo lazima iwe umeshaihamisha, isiwepo tena. Njia ya pili ni pale ilipo kweli. Mlango wenyewe hauwezi kuwa kwenye FAT32 wala exFAT. Ukitaka kuondoa mlango baadaye, tumia rmdir bila nyongeza yoyote. Ukiandika rmdir /s na ukakosea njia, unaweza kujikuta umefuta gemu halisi. Kwa Steam usiitumie hila hii. Ina kitufe chake.

Ukiweka gemu kwenye diski ya nje

Inawezekana, na kwa laptopu yenye nafasi moja tu ya diski ndiyo njia iliyobaki. SSD ya nje kwa USB 3 inacheza vizuri. HDD ya nje inafaa kwa ghala na gemu za zamani.

Kero yake ni herufi. Leo diski imekuwa E, kesho umechomeka flashi kwanza na diski imekuwa F, na Steam inasema gemu hazipo. Ipe herufi ya mbali kidogo isiyogombaniwa: bofya kitufe cha Start kwa kulia, Disk Management, bofya diski yako kwa kulia, Change Drive Letter and Paths, uchague mathalan S. Windows huikumbuka kwenye kompyuta hiyo. Ikitokea umefungua Steam kabla ya kuchomeka diski, gemu zitaonekana kama hazijasakinishwa. Zima Steam, chomeka, ifungue tena. Na kabla ya kuchomoa, toka Steam kwa Exit, siyo kwa kubofya ile X juu kulia ambayo inaificha tu, kisha tumia Safely Remove. Windows ikikuambia diski bado inatumika, mara nyingi ni Steam imebaki nyuma inasasisha kitu.